Taulo Kwanza: Barua kwa Wazazi wa Waogeleaji Wetu Wadogo

Wanangu, wazazi wa watoto wa Jumamosi,

Wiki iliyopita mliponiamkia pale bwawani niliitika nusunusu, na baadhi yenu mmeulizana kama naumwa. Siumwi. Nilikuwa nimekasirika, na hasira hiyo bado ninayo.

Mlikuwepo, mliona. Binti wa miaka kumi amemaliza mita 50 chali, wa nne kati ya sita. Anapanda ngazi huku meno yanagongana kwa baridi. Baba yake amesimama ukingoni, taulo begani, simu mkononi. Kilichotangulia kumfikia mtoto ni simu. Kasogezewa kioo usoni: tazama, sekunde mbili nyuma ya ulivyoogelea Machi! Taulo ikakaa begani kwa baba mpaka mahubiri yalipokwisha. Nilipomsogelea akaniambia, kwa heshima zote, "Mzee, samaki mkunje angali mbichi." Nikamjibu kukunja sikatai, lakini huku ni kukaanga. Akacheka. Mimi sikuwa natania.

Kila nikiwakanya mnanitajia Michael Phelps, yule bingwa wa kuogelea wa Marekani. Muacheni Phelps, huyo hafanani na mtu yeyote. Mimi nitawapa mtu wa kufanana naye: I Gede Siman Sudartawa, Mwindonesia, kijana wa Klungkung, mashariki ya kisiwa cha Bali. (Hilo "I" la mwanzo ni alama ya mwanamume kwa Wabali, na "Gede" kwa kawaida huitwa kifungua mimba. Nimependa jina linalokueleza mtu kabla hujamuuliza.) Alizaliwa Septemba 1994, na mtindo wake ni huo huo wa chali.

Mwaka 2011 Michezo ya Asia ya Kusini-Mashariki ilifanyika kwao, mashindano ya kuogelea yakawa Palembang. Siman, miaka 17, akatoka na dhahabu nne. Miezi michache baadaye yuko London kwenye Olimpiki ya 2012, hajatimiza hata 18, na ndiye aliyeshika bendera ya nchi siku ya ufunguzi. Akaogelea mita 100 chali, akaishia kwenye mchujo wa kwanza.

Hapo ndipo ningependa mkae kidogo. Mtoto aliyebebwa juujuu mwezi Novemba, kufika Julai ametolewa raundi ya kwanza mbele ya dunia. Angekuwa wa kwenu, simu ngapi zingemsubiri pale ngazini? Nani kati yenu angekumbuka taulo?

Olimpiki ya Rio, 2016, Siman hayumo. Indonesia ilipeleka waogeleaji wengine. Kwa hesabu zenu za simu, kijana amekwisha, apishe wenzake. Lakini mwaka 2017, kwenye michezo ile ile ya ukanda wao, safari hii Kuala Lumpur, alichukua dhahabu ya mita 50 chali. Mwaka 2018 Michezo ya Asia ilipokuja Jakarta akaingia fainali ya mbio hiyo hiyo mbele ya watu wake, katika maji mamoja na vigogo wa chali, Xu Jiayu wa Uchina na Ryosuke Irie wa Japani. Medali hakupata. Desemba 2019, huko Ufilipino, akachukua tena dhahabu ya mita 50 ya ukanda wao, ana miaka 25. Kutoka dhahabu za Palembang mpaka hiyo ni miaka minane. Minane! Na nyinyi mnahesabu kutoka Machi.

Tena kuna dhuluma ndani yake. Mita 50 chali, mbio iliyompa heshima miaka yote hiyo, haikuwamo kwenye Olimpiki. Imepitishwa juzi tu, mwaka 2025, iingie Los Angeles 2028. Mtu anaweza kuwa hodari wa jambo ambalo mlango wake bado haujatobolewa ukutani. Mwaka wa kuzaliwa hawezi kuuchagua yeye, na kocha wake pia hawezi.

Sasa nirudi kwa zile sekunde mbili, maana baba yule hakunipa nafasi ya kumweleza. Anayeogelea chali haoni anakokwenda. Kinachomwongoza ni vibendera vilivyotungwa juu ya maji, mita 5 kabla ya ukuta. Akiviona anahesabu mikono: moja, mbili, tatu, anajipindua, anageuka. Hesabu hiyo ni ya mwili wake mwenyewe, haiazimwi. Binti yule amerefuka tangu Machi, mikono imerefuka, na hesabu ya zamani sasa inamfikisha ukutani kabla hajajipindua. Mwezi uliopita aligonga kichwa. Tangu hapo akiviona vibendera anapunguza mwendo, anachungulia nyuma. Sekunde zenu ziko hapo. Dawa yake ni majuma kadhaa ya kuhesabu upya, taratibu, na mtu wa kumwambia kwamba kurefuka si kosa. Simu imewapa namba, ila haikuona bonge kichwani mwa mtoto.

Mengine nimekwisha kuyasema na nimechoka kuyarudia. Mtoto alale mapema. Shule haikatishwi kwa ajili ya bwawa. Unga wa makopo wa kujenga misuli usinione nao. Kocha habadilishwi kila muhula kama viatu.

Na lawama si zenu peke yenu, nakiri. Sisi watu wa pwani tuna kiburi cha bahari; tunadhani kuzaliwa karibu na maji kunatosha. Indonesia ina visiwa zaidi ya 17,000, na mpaka leo haijapata hata medali moja ya Olimpiki ya kuogelea. Bahari haimfundishi mtu kugeuka ukutani. Kinachofundisha ni bwawa lenye maji safi, kocha anayelipwa, na watu wazima wanaoweza kungoja. Hapa kwetu mabwawa ni haba, mengi yako nyuma ya geti la hoteli au la shule ya ada kubwa, na mtoto wa mvuvi anayapita kwa miguu akienda kurukia kwenye gati. Bado tukimpata mmoja mwenye kipaji tunamzunguka watu kumi kila mmoja na saa yake. Maji ukiyavulia nguo sharti uyaoge, wanasema. Hapa aliyevua nguo ni mtoto, sisi tumekaa na viatu vyetu tunampigia kelele.

Sikuandika kumwaibisha baba yule. Najua ndiye anayeamka saa kumi na moja alfajiri kumleta, tena mvua ikinyesha, na ada halipi kwa kubembelezwa. Mwanangu, ukisoma hii, sina kinyongo nawe. Njoo tu.

Jumamosi tunaanza saa moja asubuhi. Binti nitamweka njia ya pembeni, mimi nitasimama chini ya vibendera, tutahesabu pamoja. Wewe subiri pale ngazini na taulo. Simu iache garini.

Ni mimi babu yenu wa bwawani.