Rejesho la mwezi sio bei ya nyumba

Mhariri,

Nimesoma ile makala yenu ya kununua nyumba kwa mkopo, ile iliyosema mtu anaweza kuacha kupanga akaanza kulipia kwake kwa hela ile ile anayompa mwenye nyumba, na nimeirudia mara mbili natafuta namba moja sijaiona. Kiasi cha mkopo mmeweka. Rejesho la mwezi mmeweka, riba ipo, miaka ipo. Lakini jumla, yaani hela zote zitakazomtoka huyu mtu kuanzia siku anasaini mpaka siku anakabidhiwa hati yake, hiyo haipo popote, na ndo namba niliyokuwa naihitaji mimi miaka 5 iliyopita na hakuna aliyenipa.

Mimi na mume wangu tulichukua mkopo wa nyumba wa miaka 20, riba asilimia 12 kwa mwaka, ile inayopigwa kwenye salio linalopungua, yaani kwenye deni lililobaki kila mwezi. Kiasi tulichokopa nakiacha pembeni, ila hesabu zote humu nimezigeuza ziwe kama za mkopo wa milioni 100, za hela yoyote mtu anayotumia, ili kila anayesoma apime na wake, ukikopa nusu ya hapo unagawa kwa mbili basi. Kwa mkopo kama huo rejesho ni 1,101,086 kila mwezi. Tulipotajiwa tukaangaliana, tukapiga hesabu ya mishahara miwili, tukaona tunaiweza, tukasaini. Hatukuuliza kitu kingine chochote.

Hatujawahi kuchelewa hata mwezi mmoja. Mwaka wa tano ulipoisha nikaenda kuomba stetimenti, na kwa kweli nilikwenda na furaha, nilitaka nimpelekee mume wangu karatasi aone robo ya safari imekwisha, maana miaka 5 kati ya 20 si ndo robo, kwa hiyo kichwani kwangu deni lilikuwa limeshafika 75. Tulikuwa tumelipa milioni 66 na kidogo. Salio likasoma milioni 91.7. Nikamrudishia yule dada wa kaunta karatasi nikamwambia hii sio yangu, akaangalia jina akaniambia ni yako mama. Milioni 66 zimetoka nyumbani kwetu na deni limepungua milioni 8 na robo.

Nataka nieleweke, benki haikuniibia. Nilikaa na kalkuleta siku tatu nikitafuta wapi wamekosea, hawajakosea. Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 100, asilimia 1 yake ni milioni 1, wewe umeleta 1,101,086, kwa hiyo milioni nzima inakwenda kwenye riba na kinachogusa deni ni 101,086. Mwezi wa pili deni ni 99,898,914, riba yake 998,989, deni linapungua 102,097. Unaona inavyotambaa, kile kipande kinachogusa deni kinakua asilimia 1 kila mwezi, na kitu kidogo kikikua asilimia 1 kinabaki kidogo kwa muda mrefu sana. Ukienda hivo hivo mpaka mwisho utakuta deni linafika nusu mwaka wa 15 ukiwa unaishia. Miaka 15 kumaliza nusu ya kwanza, alafu miaka 5 ya mwisho inamaliza nusu nyingine. Ile miaka ya mwanzo, ambayo mtu ana watoto wadogo na mshahara mdogo na anajibana kweli kweli, karibu yote ni ya riba.

Jumla ya miezi 240 ni milioni 264. Nyumba ilikopewa 100.

Sasa kuna jambo moja linaniuma zaidi ya hayo, nalo ni ule ushauri wa "ongeza miaka upunguze mzigo", ambao hata makala yenu imeutoa kama msaada kwa wenye kipato kidogo. Chukueni mkopo ule ule wa milioni 100, riba ile ile ya 12, muuvute uwe miaka 30. Rejesho linashuka kutoka 1,101,086 kwenda 1,028,613. Yaani mtu anapata nafuu ya elfu 72 kwa mwezi, na kwa nafuu hiyo anaongeza miaka 10 ya kulipa na jumla inatoka milioni 264 inakwenda milioni 370. Milioni 106 zaidi, inazidi hata mkopo wenyewe. Na sababu ni ile ile ya hapo juu, riba ya mwezi wa kwanza ni milioni 1, kwa hiyo ukiongeza miaka 30, 40, 50, rejesho haliwezi kushuka chini ya milioni 1, kinachopungua ni kile kipande tu kinachogusa deni, na kipande hicho ndo kinachokutoa kwenye deni. Unapunguziwa dawa, sio ugonjwa. Anayeweza kujibana upande wa pili, akachukua miaka 15, analipa 1,200,168 kwa mwezi, anaumia elfu 99 zaidi kila mwezi lakini jumla yake ni milioni 216. Amebakiza milioni 48 nyumbani kwake. Mimi hiyo elfu 99 tungeitafuta, naapa tungeitafuta, tungejua.

Alafu hizi asilimia nazo si za kuzilinganisha kwa macho. Mdogo wangu alikuja juzi amefurahi sana, kapata mkopo wa asilimia 7, mimi nalipa 12, akanionea huruma. Nikamuuliza 7 ya namna gani, akasema flati. Flati maana yake riba inapigwa kwenye mkopo wa mwanzo miaka yote, hata ule mwaka wa mwisho ambao kwa mahesabu yao wenyewe umebakiwa na milioni 5 bado unatozwa milioni 7 kana kwamba unadaiwa 100. Kwa miaka 20 anarudisha milioni 240, milioni 1 kila mwezi, na ukiitafsiri hiyo kwenye riba ya salio linalopungua ni kama asilimia 10 na nusu. Bado ni nafuu kuliko yangu, sawa, lakini sio 7. Tofauti aliyodhani ni ya 5 kumbe ni ya 1 na nusu. Ndo maana nasema namba ya kulinganisha ni jumla, weka jumla ya huyu na jumla ya yule meza moja, kwa mkopo ule ule na miaka ile ile, hapo hakuna wa kukuchanganya.

Na hiyo milioni 264 yangu yenyewe ni kama riba itakaa pale pale miaka 20. Mkataba wangu ukurasa wa ndani unasema riba inaweza kubadilika. Sikuusoma huo mstari siku ya kusaini, niliusoma baada ya ile stetimenti. Kwa salio langu la leo la 91.7, riba ikipanda kwenda asilimia 14, riba ya mwezi mmoja peke yake inakuwa milioni 1 na elfu 70, kwa hiyo rejesho lile nililolizoea linabakiza kama elfu 30 tu ya kupunguza deni. Hapo ama wapandishe rejesho ama warefushe miaka, hakuna njia ya tatu. Na kwa mtu ambaye ndo kwanza ameanza ni mbaya zaidi, maana asilimia 14 ya milioni 100 ni 1,166,667 kwa mwezi, inazidi rejesho lake lote, akiachwa alipe ile ile 1,101,086 deni litakuwa linapanda huku analipa. Mtu anayeenda kusaini aulize hili swali kwa sauti: riba ikipanda, kinachobadilika ni rejesho au ni miaka, na nitaarifiwa lini.

Ada za mwanzo, mthamini, mwanasheria, usajili, bima ya maisha, bima ya moto, sitazipitia moja moja, kila mkopo una zake. Nitasema moja tu. Tuliambiwa tusisumbuke kuzilipa taslimu, zitaingizwa ndani ya mkopo, na tukashukuru. Ada ya milioni 2 ukiiingiza ndani ya mkopo kama wangu unaishia kuilipa milioni 5 na laki 3 kwa miaka 20. Kama una hizo hela mkononi lipa siku hiyo hiyo.

Najua wapo watakaoniandikia kwamba hela ya miaka 20 ijayo sio hela ya leo, na kwamba kodi ya nyumba ya kupanga nayo ungeilipa na mwisho wa siku huna hata tofali. Ni kweli na mimi nakubali. Rejesho ambalo leo linanikaba huenda mwaka wa 18 likawa jepesi kama mishahara itakuwa imepanda, na kwangu kuna mlango ninaoufunga mwenyewe, hakuna wa kuja kuniambia nihame mwisho wa mwezi. Sijutii nyumba. Ningekopa tena. Ila ningekopa miaka 15, ningelipa ada taslimu, na ningeanza kuongeza hela kidogo mwaka wa kwanza sio wa sita.

Maana hiyo ndo habari nzuri na sijaiona ikiandikwa vya kutosha. Ule utaratibu unaokuumiza mwanzo ndo huo huo unaokusaidia ukilipa zaidi mwanzo, kwa sababu hela ya ziada haiguswi na riba, inakwenda moja kwa moja kwenye deni. Mtu mwenye mkopo huu akipata milioni 5 mwisho wa mwaka wa kwanza, labda bonasi, labda kauza kitu, akaiweka kwenye deni na kuendelea na rejesho lile lile, anamaliza miaka 3 kabla na riba anayookoa ni kama milioni 35. Milioni 5 inaokoa 35! Sisi tumechelewa, lakini tumeanza kuongeza laki moja kila mwezi kuanzia sasa, na hesabu inaonyesha tutamaliza karibu miaka 3 kabla ya muda na tutaokoa kama milioni 24. Laki moja hiyo inauma, sitaki kudanganya mtu, kuna vitu tumeacha.

Lakini hapa nako kuna mtego. Mara ya kwanza tulipoongeza hiyo hela, mwezi uliofuata nikaangalia salio, halijaguswa. Kumbe ile hela imewekwa pembeni kama rejesho la mwezi unaokuja, yaani tumelipa mapema tu, deni liko vile vile na riba yake vile vile. Ilibidi niandike barua kwamba hela ya ziada ipunguze deni na miaka ifupishwe, rejesho libaki, na nikaomba nakala iliyogongwa muhuri. Kwenye mikataba mingine kuna mpaka faini ya kulipa mapema, yangu haina, niliangalia kwanza. Kila anayetaka kuongeza aangalie kwanza.

Marekani tangu mwaka 1968 kuna sheria inayomlazimisha mkopeshaji amwonyeshe mkopaji gharama ya mkopo kwa maandishi kabla hajasaini, na karatasi wanazopewa siku hizi zina jumla ya malipo yote mpaka mwisho. Kwa hiyo ni kitu kinachowezekana, ni mstari mmoja tu. Nyie gazeti hamuwezi kutunga sheria, ila ukurasa ni wenu. Kila mnapoandika habari ya mkopo wa nyumba, na hata kwenye yale matangazo ya "lipia kidogo kidogo umiliki kwako", naomba pembeni ya rejesho la mwezi muweke na jumla, kwa herufi za ukubwa ule ule. Kuzidisha rejesho kwa idadi ya miezi hakuhitaji mtaalamu. Mkitaka kwenda mbele zaidi muweke na deni litakalokuwa limebaki baada ya miaka 5, maana hapo ndo watu wengi tunaposhtuka.

Nimeambatanisha ratiba ya miezi yote 240, kurasa sita, rejesho, riba, kinachogusa deni, salio, nimeiandaa mwenyewe kwenye kompyuta kwa mkopo wa milioni 100 na haina jina la benki wala la mtu. Mkiwa na nafasi ndogo chapisheni hata ukurasa wa kwanza na wa mwisho, mtu akiviweka pamoja ataelewa bila maelezo yangu.

Msomaji wenu,
mwaka wa sita wa mkopo