Mlango Uliokomewa

Pangani, Jumapili usiku

Mpendwa Zuhura,

Salaam nyingi. Mama hajambo, anakuulizia. Juzi kwenye simu ulitaka kujua kwa nini siku hizi nakesha na filamu za miaka ya 1940. Ni kwa sababu ya mwanamke mmoja wa Hollywood, Ardel Wray, aliyeandika filamu za kutisha na ambaye jina lake halitajwi sana.

Itafute The Leopard Man ya 1943. Kisa kilitoka kwenye riwaya ya Cornell Woolrich, Wray akakiandikia skripti. Chui mweusi ametoroka mjini. Usiku, mama anamtuma bintiye akanunue unga wa mahindi. Binti anasema anaogopa. Mama hataki kusikia, anamsukuma nje na kukomea mlango. Baadaye tunasikia mbio, mlango unagongwa, binti anapiga mayowe afunguliwe. Mama anadhani ni visingizio. Anapoamini, komeo limekwama. Kisha damu inapenya chini ya mlango. Pale mlangoni chui hatumwoni hata unyoya! Zuhura, mimi na wewe tumetumwa unga gizani mara ngapi? Mwili mzima ulinisisimka.

Wray aliandikia kikosi cha mtayarishaji Val Lewton pale RKO, kampuni ya filamu, ambako wakubwa walitoa jina la filamu kwanza, hadithi ikafuata, na gharama isizidi dola 150,000. Ndivyo alivyopewa I Walked with a Zombie, aliyoiandika pamoja na Curt Siodmak. Jina la kuuzia tiketi, lakini ndani yake mna kisiwa cha Karibi ambako watu humlilia mtoto anapozaliwa na hushangilia maziko, kwa sababu wazee wao walifika pale kwa minyororo. Bustanini imesimama sanamu iliyotolewa kwenye jahazi la watumwa. Nilipoiona, nilitoka nje nikaukalia ukuta nikitazama mto unavyoingia baharini. Hapa petu napo watu walipakiwa.

Mwaka 1945 ikatoka Isle of the Dead, nayo aliiandika yeye, Boris Karloff akiwa jenerali kwenye kisiwa cha Ugiriki chenye tauni. Hiyo siipendi sana, inakwenda polepole mno.

Kisha Hollywood ikaingia kwenye kusaka wakomunisti. Wray alitakiwa ataje majina ya wenzake. Akakataa. Milango ya filamu ikamfungia, na alipopata kazi tena ilikuwa kwenye televisheni, sana sana kusahihisha hadithi za wengine. Alifariki mwaka 1983. Filamu tatu tu za kutisha, Zuhura, na angekubali kuwasaliti watu labda zingekuwa kumi. Jambo hilo linanikaa kooni.

Sasa skripti yako. Ule ukurasa jini anapotoka kisimani na kusimama mbele ya nyumba, nimeusoma mara nne. Nakuomba umwache kisimani. Tusikie ndoo tu ikivutwa kutoka chini. Nitumie kurasa zilizobaki kabla ya Ramadhani.

Wako akupendaye,
Mwanaidi