Perpetua: mpe tu mtoto hilo jina, shosti

Shosti wangu,

Hongera tena mama, hongera sana, Mungu ni mwema. Picha nimeziona zote na jamani huyo mtoto kachukua sura ya baba yake nzima nzima, wewe umebeba tumbo tu. Natumaini mtori unashuka na usiku mnalala lala kidogo.

Sasa nije kwenye lile la jina. Ile voisi noti yako nimeisikiliza mpaka mwisho: mama mkwe kaomba mtoto aitwe Perpetua, jina la marehemu mama yake kule Sumbawanga, wifi yako anasema hilo ni jina la mabibi mtoto atataniwa shule, afu na huyo jirani naye kaja kukutia hofu eti ni neno la kwenye misa za wafu. Umeniuliza mi nasemaje kwa vile nafundisha historia na mambo ya Warumi unajua nayapenda. Nasema mpe. Tena mpe bila kusitasita, na nataka nikueleze kwa nini, ni ndefu kidogo kwahiyo subiri mtoto alale ndo usome.

Kwanza maana. Ni neno la Kilatini, perpetuus kwa kiume na perpetua kwa kike, limetokana na "per" ambayo ni kupitia mpaka mwisho na "petere" ambayo ni kuelekea, kuendea kitu. Ukiyaweka pamoja unapata kitu kinachoendelea moja kwa moja bila kukatika. Cha daima. Warumi walilitumia sana hata kwenye siasa, Julius Kaisari mwaka 44 kabla ya Kristo alipewa cheo cha dikteta wa daima, dictator perpetuo, kikachongwa mpaka kwenye sarafu zenye sura yake, na Machi mwaka huohuo wakamuua kwa visu. Kwahiyo lilikuwa neno zito, la kwenye sheria na kwenye pesa, kabla halijawa jina la mtu tunayemjua.

Na hapo ndo utaona uzuri wake, kwa sababu Warumi kwenye majina ya watoto wa kike walikuwa hawajisumbui. Mtoto wa kike alipewa jina la ukoo wa baba likageuzwa tu kuwa la kike, wa ukoo wa Julius anaitwa Julia, wa Claudius anaitwa Claudia, na wakizaliwa wawili mmoja ataitwa mkubwa mwingine mdogo, au wa kwanza, wa pili, wa tatu, basi imeisha. Baadaye ndo wakaanza kumwongezea binti jina la pili la kwake mwenyewe. Huyu wetu jina lake kamili ni Vibia Perpetua, Vibia ni la ukoo, Perpetua ndo lake.

Sasa huyu Vibia Perpetua ni nani. Shosti, ni binti wa Afrika. Wa Karthago, mji ambao magofu yake yapo pembeni ya Tunis, Tunisia ya leo. Mwaka 203 alikuwa na miaka kama 22, ametoka familia yenye heshima, amesomeshwa vizuri, ameolewa (mume wake lakini haonekani popote kwenye habari yote, na wasomi mpaka leo wanajiuliza alikuwa wapi), na ana mtoto mchanga wa kiume bado ananyonya. Alikuwa bado yuko kwenye mafundisho ya ubatizo walipomkamata pamoja na wenzake, na wakabatizwa wakiwa chini ya ulinzi.

Na kitu kinachonifanya nimpende kuliko watakatifu wote, aliandika. Akiwa gerezani aliandika mwenyewe yaliyokuwa yanampata, kwa Kilatini, na maandishi yake tunayo. Ni mojawapo ya maandishi ya zamani kabisa ya mwanamke Mkristo yaliyobaki duniani. Wanawake wengi wa zama zile tunawajua kwa midomo ya wanaume, huyu anaongea mwenyewe.

Na anaongea kama mzazi. We soma tu wewe uliyejifungua juzi. Anasema alipoingia gerezani aliogopa kwa sababu hajawahi kuona giza kama lile, joto kali kwa wingi wa watu, askari wanawasumbua, na juu ya yote anamuwaza mtoto. Mashemasi wawili, Tertius na Pomponius, wakatoa hela kwa walinzi ili wafungwa wapelekwe sehemu yenye nafuu kwa masaa machache, hapo ndo akapata kumnyonyesha mwanae ambaye alishalegea kwa njaa. Baadaye wakamruhusu akae naye mle ndani, na anaandika kwamba ghafla gereza likawa kwake kama ikulu, hakutamani kuwa mahali pengine popote. Baada ya hukumu akatuma shemasi akamchukue mtoto, baba yake Perpetua akakataa kumtoa, na anasema kwa mapenzi ya Mungu mtoto hakulilia tena ziwa na yeye matiti hayakujaa wala kumuuma. Yaani mwanamke anasubiri kifo na anakumbuka kuandika kuhusu matiti! Mi niliposoma hapo nilifunga kitabu kwanza nikakaa.

Ila kuna sehemu moja ambayo naona ndo jibu la hili swali lako lote la jina. Baba yake hakuwa Mkristo na alimpenda sana huyu binti, kuliko watoto wake wa kiume, anasema hivo mwenyewe. Akawa anakuja kumbembeleza aikane imani. Perpetua akamwonyesha chombo kilichokuwa pale chini, mtungi mdogo hivi, akamwambia baba, unakiona hiki chombo? Nakiona. Je, unaweza kukiita jina jingine tofauti na kilivyo? Baba akasema hapana. Basi na mimi siwezi kujiita kitu kingine zaidi ya nilivyo, ni Mkristo. Baba alichukia mpaka akamrukia kama anataka kumtoa macho. Siku nyingine akarudi kivingine kabisa, akamwambia mwanangu zihurumie mvi zangu, akambusu mikono, akajitupa miguuni pake, na badala ya kumwita binti akawa anamwita bibie. Na siku ya kesi alivyozidi kung'ang'ania, liwali Hilarianus akaamuru yule mzee apigwe fimbo, na Perpetua anaandika kwamba ziliuma kama amepigwa yeye, aliuhurumia sana uzee wake. Hakubadilika lakini, na pia hakuacha kumpenda baba yake. Hayo mawili kwa pamoja ndo yananipa shida kusoma bila machozi.

Alikuwa anaota pia, ndoto ameziandika, ile ya ngazi ya shaba ndefu mpaka mbinguni imejaa mapanga na mikuki pembeni na joka limelala chini yake, akalikanyaga kichwa akapanda, juu akakuta bustani kubwa na mzee mwenye mvi amevaa kama mchungaji anakamua kondoo, akampa kipande cha jibini akala, akaamka bado anahisi utamu mdomoni. Na ameota kaka yake mdogo Dinocrates aliyekufa na miaka saba kwa ugonjwa wa usoni, akamwombea, akamwona tena amepona anacheza maji kama watoto wanavyocheza. Siku moja kabla ya kuuawa akamaliza kuandika, akasema kitakachotokea kwenye mapambano yenyewe, anayetaka aandike.

Na mtu akaandika. Tarehe 7 Machi 203, kwenye michezo ya siku ya kuzaliwa ya Geta, mtoto wa Kaisari Septimius Severus (naye mzaliwa wa Leptis Magna, Libya ya leo, fikiria, mhukumiwa Mwafrika na kaisari aliyezaliwa Afrika). Wanawake wakafunguliwa ng'ombe jike mkali. Perpetua alirushwa akaanguka, akaivuta nguo iliyochanika akajisitiri, akaomba pini abane nywele kwa sababu nywele za kutimka ni za mwanamke aliyefiwa na yeye hakutaka aonekane anaomboleza siku yake ya utukufu. Afu akaenda kumwinua mwenzake kwa mkono. Mwishoni kijana wa upanga mkono ulikuwa unamtetemeka, akakosea akagonga mfupa, Perpetua mwenyewe akaushika ule mkono akauelekeza shingoni.

Huyo mwenzake ndo Felicitas, hawa wawili hawatenganishwi. Alikuwa mtumwa, na jina lake maana yake ni heri, furaha, jina ambalo watumwa wengi walipewa na mabwana zao. Alikamatwa mjamzito, na sheria ya Kirumi ilikataza kumuua mwenye mimba, akawa analia asije akabaki nyuma ya wenzake. Akajifungua mtoto wa kike mlemle gerezani, mimba ikiwa ya miezi minane, na dada mmoja Mkristo akamchukua akamlea kama wake. Mtakatifu Augustino, naye wa kwetu huku Afrika, kwenye mahubiri yake ya sikukuu yao alikuwa anayaunganisha hayo majina mawili yanakuwa kitu kimoja, perpetua felicitas, heri isiyokoma.

Na huko kwa kina bibi zetu yalifikaje? Wamisionari wa Afrika, wale White Fathers, walianzishwa Algiers mwaka 1868 na Askofu Mkuu Lavigerie, ambaye baadaye akawa pia askofu mkuu wa Karthago yenyewe. Mmoja wao, Padre Delattre, ndo alikuwa anachimba magofu ya Karthago, na mwanzoni mwa karne ya 20 akapata vipande vya jiwe vyenye majina ya hao wafiadini, Perpetua akiwemo. Na shirika hilohilo ndo mwaka 1878 lilitua Bagamoyo likatembea na msafara mpaka Tabora, Ujiji na Buganda, afu Karema, leo ni mkoa wa Katavi, jirani na Rukwa huko kwa mama mkwe wako. Kwahiyo kumkuta bibi wa Sumbawanga anaitwa Perpetua na jirani yake Felista wala si ajabu, Felista si ndo Felicitas huyohuyo. Huko Ulaya kwenyewe jina limebaki adimu, Italia ndo wameliharibu kabisa, perpetua kwao imekuwa ni mama anayempikia padre na kumtunzia nyumba, sababu ya mhusika mmoja wa riwaya yao maarufu ya karne ya 19. Mi naona sisi ndo tumelitunza vizuri, mabibi zetu wanalitamka Peripetua na linakaa mdomoni vizuri tu.

Sasa huyo jirani. Hajakosea kila kitu, kwenye ile sala ya marehemu tunaposema mwanga wa milele uwaangazie, kwa Kilatini ni lux perpetua, kweli. Lakini dada, hilo neno pale halisemi kifo, linasema mwanga! Ni kitu kizuri kuliko vyote tunachomwombea mtu tuliyempenda. Mtu kubeba hilo jina akiwa hai ana shida gani? Mwambie pia Perpetua anatajwa kwa jina kwenye Sala ya Ekaristi ya Kwanza pamoja na Felista, Agata, Lusia, Agnes, Sesilia na Anastasia, na hayo mengine mbona hayaogopi.

Na wifi, kuhusu mtoto kutaniwa. Watoto watatania jina lolote, hilo halizuiliki. Ila huyu siku mwalimu akimuuliza umeitwa jina la nani, atakuwa na mtu wa kumtaja, na habari ya kusimulia darasa zima likanyamaza. Haya majina ya kuokota mtandaoni yanayofanana fanana yote yanaishia na "ella", muulize yeye maana yake ni nini. Afu ukiwa unatengeneza kadi za ubatizo fungua Word kwenye kompyuta ya ofisini, kwenye orodha ya fonti shuka mpaka herufi P, utaiona fonti inaitwa Perpetua, ni ya Kiingereza ya miaka ya 1920 na imepewa jina la huyuhuyu, kitabu cha habari zake ndo kilikuwa miongoni mwa vya kwanza kuchapwa nayo. Ina herufi nyembamba nzuri zinasomeka. Tumia hiyo kwenye kadi, utaniambia.

Mambo mengine madogo. Sikukuu ya somo wake ni 7 Machi, ambayo karibu kila mwaka inaangukia Kwaresima, kwahiyo keki na kuku mtasogeza baada ya Pasaka. Kwenye cheti cha kuzaliwa hakikisha wanaandika PERPETUA, na uangalie kabla hujaondoka dirishani, maana kuna makarani wanaandika Perpetual na kuja kubadilisha ni kazi. Kifupi muiteni Pepe au Petua, mtakavyoona, ila nyie wazazi angalau mkimuita kwa jambo la maana mtamke lote.

Na muulize mama mkwe akusimulie huyo mama yake alikuwa mtu wa namna gani, uandike mahali, kwenye daftari la kliniki hata, siku moja mtoto atakuuliza.

Nijulishe tarehe ya ubatizo mapema niombe ruhusa kazini, na kama msimamizi hamjapata mi nipo. Nibusie mtoto.

Wako,
Mama Dani