Siki ya chatini ipimwe, isikadiriwe

Mheshimiwa Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme neno kuhusu mapishi ya chatini ya matunda, ambayo kila ufikapo msimu wa korosho huchapishwa kwa kumwelekeza msomaji atie siki, sukari na chumvi "kiasi". Anayeeleza mapishi ya mchuzi ana ruhusa ya kusema hivyo, kwa kuwa mchuzi huonjwa jikoni na kuliwa siku hiyo hiyo. Chatini hukaa kabatini kwa miezi, na siki iliyomo haikutiwa kwa ajili ya ladha tu, bali ndiyo inayozuia chachu na ukungu visistawi.

Nasema kwa yaliyonikuta. Mwaka juzi, hapa Mikindani, nilipika chatini ya mabibo, yale matunda ya mkorosho, kwa kufuata "kiasi" hicho, na kwa kuwa siki si kipenzi changu nikatia vijiko vitatu kwa sufuria nzima. Siku ya tisa nilisikia kishindo kabatini. Kifuniko kimoja kilikuwa kimefyatuka, povu limetambaa hadi kwenye unga wa ngano, na harufu iliyotoka humo ilikuwa ya uraka mtupu, ile pombe ya mabibo. Mume wangu alicheka. Mimi sikucheka, maana sukari niliinunua mimi.

Tangu hapo napima. Kwa kilo 1 ya mabibo yaliyokwisha kung'olewa korosho natia nusu kilo ya embe mbichi, nusu kilo ya sukari na nusu lita ya siki yenye ukali wa asilimia 5, ambao huandikwa kwenye chupa yake. Kwa kuwa mabibo yana ukakasi unaokaba koo, huyakata vipande, nikayachemsha kwa dakika tano katika maji yenye gramu 20 za chumvi kwa kila lita, kisha nikayamwaga maji hayo na kuyakamua mabibo kidogo. Viungo havina ugomvi: tangawizi, kitunguu saumu, mdalasini, karafuu chache, na pilipili kwa kadiri ya ujasiri wa wenye nyumba. Hapo neno "kiasi" linaruhusiwa.

Sufuria isiwe ya alumini, kwa sababu siki huila na chatini hutoka na ladha ya chuma. Moto uwe mdogo, na mwishoni mwiko usitoke mkononi, kwani sukari hushika chini upesi. Chatini huwa imeiva pale unapoburuta mwiko chini ya sufuria na mfereji ukabaki wazi kitambo bila kujaa maji. Huipakua ingali ya moto sana katika chupa zilizochemshwa kwa dakika 10, nikaziacha mwezi mzima kabla ya kuzifungua, maana chatini mpya siki yake hupiga puani, na anayeionja siku ya kwanza atadhani nusu lita ilikuwa kosa.

Mabibo hayangoji, siku moja au mbili baada ya kudondoka huanza kuoza, na mengi huishia chini ya mikorosho kwa kukosa wa kuyaokota. Naomba basi mapishi yatakayochapishwa mwaka huu yawe na gramu na lita zake, na yatoke kabla ya Oktoba.

Wako,
Msomaji wa Mikindani, Mtwara