YAH: MALALAMIKO – NILILETA GEMU LIREKEBISHWE, MKAFOMATI MASHINE NZIMA

Kwa Meneja,
Duka la kompyuta, Mwanjelwa,
Mbeya.

Ndugu Meneja,

Habari za kazi. Nakuandikia kwa heshima zote ingawa mimi heshima dukani kwenu sikuipata, na naomba barua hii uisome wewe mwenyewe, usimpe yule kijana wa kaunta akusomee maana yeye ndo mwenye kesi.

Mashine mnaijua, ile HP ya mezani nyeusi. Ililetwa na tatizo moja tu, gemu la kuendesha malori, Euro Truck Simulator 2, unalifungua, likifika kwenye kulodi linajifunga lenyewe linakurudisha desktopu. Sababu niliwaambia siku hiyo hiyo, umeme ulikatika kule Iyunga launcha ya Steam, ile programu ya kununulia na kushushia magemu, ikiwa katikati ya apdeti, mashine ikazima ghafla, gemu likabaki na faili za nusunusu. Kazi ya hapo haihitaji fundi bingwa. Unafungua Steam, unabofya kulia kwenye jina la gemu, unaenda Properties, afu Installed Files, unabonyeza pale pa kuverifai, unakaa unasubiri. Launcha inapita faili moja moja inalinganisha na orodha ya kwao, lililoharibika au lililopungua inalishusha upya, zima haligusi. Basi imeisha hiyo. Ningefanya mwenyewe nyumbani ila bando la simu ninalijua linavyoisha, na nyie mmebandika mlangoni tangazo kwamba mna intaneti ya faiba na mnarekebisha magemu ya PC, ndo nikawaletea.

Na niliandika kwenye karatasi, kwa herufi kubwa: VERIFAI TU. USIFUTE KITU. USIFOMATI. FOLDA YA DOCUMENTS ISIGUSWE. Nikaibandika kwa selotepu juu ya kesi, lile boksi la mashine. Fundi wenu akaisoma mbele yangu, akasema sawa dada nimekuelewa.

Nakuja kuchukua mashine nakuta Windows mpya. Steam haipo. Desktopu nyeupe ina ikoni moja ya gemu, nikaangalia linafungukia wapi, nakuta ni kraki, gemu lililovunjwa leseni, mmelikopi kutoka kwenye eksteno yenu, ile diski ya kuchomeka nje, tena toleo la zamani, na ili lifunguke mmeizima Windows Defender, kinga ya virusi, kabisa mkaiacha hivyo hivyo bila kuniambia. Yani gemu nililolinunua kwa hela yangu, lenye leseni kwenye akaunti yangu, mmelitoa mkaniwekea la wizi, afu mkanidai hela ya ufundi. Karatasi yangu bado ilikuwa pale pale juu ya kesi.

Nikamuuliza kijana wa kaunta profaili zetu, yani sevu za tulipofikia kwenye gemu, ziko wapi. Akacheka. Akawageukia wateja waliokuwa wamesimama akawaambia "jamani mwoneni dada mtu mzima analilia gemu", na watu wakacheka. Mimi sikuwa nalia Ndugu Meneja, nilikuwa nauliza swali, na nilikuwa nimeshalipa.

Sasa ngoja nikueleze nini kilikuwemo, maana inaonekana pale kwenu mnajua gemu ni ile ikoni tu. Euro Truck inasevu profaili kwenye Documents, kwenye folda yenye jina la gemu, ndani yake kuna folda inaitwa profiles. Hata ukilianinstoli gemu kupitia launcha ile folda inabaki. Yani hata fundi mvivu kabisa angelifuta gemu lote akalishusha upya, sisi tungekuta kila kitu chetu kipo! Kinachoiua ni kitu kimoja, kufomati bila kubakapu, na nyie mkachagua hicho hicho nilichowaandikia msifanye. Na asije mtu akaniambia habari za klaudi, kwamba sevu zinabaki mtandaoni. Profaili zetu tulizifungua za kwenye mashine kwa sababu nyumbani hatuna intaneti ya kudumu, na ndo maana karatasi ilitaja Documents kwa jina.

Profaili moja ilikuwa yangu, nyingine ya mzee wangu. Baba ameendesha lori Dar mpaka Tunduma miaka na miaka, mteremko wa Iwambi anaujua gizani, mgongo ndo ukamstaafisha. Jioni alikuwa anakaa pale anaendesha taratibu, taa anawasha, indiketa anaweka, akiona mimi nimeovateki vibaya ananigombeza. Kampuni yake ya humo aliianza na lori la mkopo, akanunua gereji, akaajiri madereva. Anaponiuliza mashine inarudi lini mimi namjibu nini? Nimjibu kwamba vijana wa Mwanjelwa wamecheka?

Na hili nilitaka kulisema mapema. Kabla hata ya kufomati, fundi alinipigia simu akasema tatizo ni RAM, memori ya mashine, nitume elfu 40 wabadilishe. Nikamwambia kaka, magemu mengine yote yanacheza vizuri, RAM ingekuwa mbovu huenda na yale yangeanguka, lakini kama una wasiwasi Windows ina kipimo chake cha memori, kipimeni kwanza mniambie kimesema nini. Nikamwambia pia gemu lenyewe linaandika sababu ya kuanguka, kuna faili linaitwa game.crash.txt na lingine game.log.txt, yako humo humo kwenye Documents, ayasome. Akajibu "poa". Hakusoma. Angeyasoma huenda angeona gemu linalalamikia nini, angeverifai, ningekuwa sasa hivi nakaa na baba yangu badala ya kuandika barua.

Narudi kwa kijana wa kaunta, maana hili haliniishi moyoni na nataka ulielewe lilivyokuwa. Nilimuuliza kwa sauti ya kawaida kabisa, "kaka, zile profaili mmezihifadhi wapi?" Hakunijibu mimi. Aliibandua ile karatasi juu ya kesi, akaigeuzia kwa wateja ili waone, akaanza kuisoma kwa kuigiza sauti ya kike, "usifuteee kitu, usifomatiii", watu wakaangua kicheko, kuna mama mmoja alikuwa amekuja kutoa fotokopi na yeye akacheka. Afu ndo akasema lile neno la mtu mzima kulilia gemu. Maelekezo yangu ya mteja, niliyowapa kwa maandishi, yakawa vichekesho vya dukani. Akamalizia "gemu si hilo hapo linacheza, unataka nini tena?" Fundi alikuwa nyuma yake anasikia kila kitu, kimya. Yule aliyesema dada nimekuelewa.

Hata hapo nilijikaza. Nikawaambia basi izimeni sasa hivi msiweke kitu kingine, diski yangu ni HDD, ile ya sahani inayozunguka, ikifomatiwa kwa haraka data huwa bado ipo chini mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake, inaweza kurudishwa. Akanijibu kilichofutwa kimefutwa. Na nyie mmeshaandika juu yake Windows nzima na hilo gemu la kraki!

Nilipoanza kuandika nilikuwa nataka vitu vitatu tu. Hela yangu ya ufundi elfu 30 irudi. Diski ipelekwe kwa mtaalamu wa kurudisha data kwa gharama zenu, kikipatikana kitakachopatikana. Na gemu langu lishushwe upya kutoka kwenye akaunti yangu ya Steam kwa intaneti yenu, nikiwa nimekaa pembeni naangalia, pasiwedi naingiza mwenyewe.

Ila kadiri ninavyoandika naona havitoshi. Nataka na Windows irudishwe ile iliyokuja na mashine, yenye leseni, hii mliyoweka inaniambia kila saa niiaktiveti. Nataka yule kijana aniombe radhi pale pale kaunta, wateja wakiwepo, kama walivyokuwepo alivyonidhalilisha. Kama data haitarudi nataka fidia, na kiwango tutakaa chini mimi na wewe na baba yangu tukizungumze.

Mkikaa kimya mpaka Ijumaa saa kumi jioni nitaenda mbele. FCC, Tume ya Ushindani, wapo kwa ajili ya walaji kama mimi na Sheria ya Ushindani ipo toka 2003. COSOTA, wale wa hakimiliki, nitawapelekea mashine kama ilivyo, na ikoni yenu ya kraki ikiwa juu ya desktopu, na niwaeleze eksteno mnaitunza droo ipi maana nimeiona. Programu za kompyuta zinalindwa na Sheria ya Hakimiliki ya 1999, sio mali ya kugawa kaunta. Na TRA nitawaonyesha risiti mliyonipa, ya kuandika kwa kalamu kwenye kijitabu, sio ya mashine ya EFD inayotoa risiti za kodi, hela yangu mmeipokea taslimu. Sikutishi Ndugu Meneja, nakwambia nitakachofanya.

Mashine nimeizima na haitawashwa tena mpaka mtaalamu aishike. Jumamosi asubuhi naileta mwenyewe. Nataka uipokee wewe, sio kijana wa kaunta, na risiti ya EFD iwe tayari.

Wako mteja,
mwenye HP nyeusi. Jina na namba ya simu viko kwenye kijitabu chenu cha risiti.