Ile nusu ya shamba

Rumonge, Burundi

Mwanangu mpendwa,

Juzi kwenye simu uliniuliza kwa nini nilikubali kugawana shamba la babu yako na watu waliolikalia. Nilinyamaza kwa sababu jibu lake ni refu.

Tulikimbia mauaji ya mwaka 1972, nikiwa na miaka saba. Tuliporudi kutoka Ulyankulu, Tanzania, mwaka 2008, wewe ulikuwa mdogo, umenishika suruali. Minyaa aliyoipanda babu yako mpakani ilikuwa imeng'olewa. Palipokuwa na mihogo yetu palikuwa na michikichi, safu kumi na nne. Niliihesabu, sijui kwa nini. Mzee mmoja akatoka ndani, akatupa kiti na maji, kisha akaleta karatasi ya serikali iliyokunjwa hadi ikachanika mikunjoni. Hakupora, mwanangu. Aligawiwa. Wanawe walizaliwa pale, mkewe amezikwa pale.

Mkataba wa amani wa Arusha wa mwaka 2000 ulisema mkimbizi arudishiwe ardhi yake au alipwe fidia. Sheria ya ardhi ya mwaka 1986 nayo ilimtambua aliyekaa mahali miaka 30. Kila mmoja wetu alikuwa na haki yake mkononi. Tume ya ardhi iliyoundwa mwaka 2006 ilipotuita, tukapatana nusu kwa nusu. Wapo walioniita mwoga. Lakini mimi niliona kwa macho yangu watu wakichinjana, na sikutaka wewe ulale ukisikiliza hatua za mtu nje kwa ajili ya safu saba za michikichi.

Uchungu ninao hadi leo, sikufichi.

Sasa hili la pili. Kwetu Burundi mila humpa ardhi mtoto wa kiume, na hakuna sheria ya mirathi inayomlinda binti kama wewe. Nikifa bila kuandika chochote, utakuwa mgeni kwenu. Kwa hiyo nimekukatia sehemu yako ningali hai, na nimeomba cheti cha ardhi kwenye komini, yaani serikali yetu ya mtaa, kwa jina lako. Kaka zako wamenuna. Nitazungumza nao mimi.

Njoo likizo hii. Siku ya kupima, majirani wote husimama mpakani mbele ya watu, na nataka usimame mwenyewe. Yule mzee amesema atakuja kukushuhudia.

Baba yako