Ukinyimwa leseni ya matatu, usisubiri "tunaongea nao"

Mhariri,

Nilikuwa na matatu moja ya abiria 14. Leseni yake ya barabara ilipoisha, ombi la kuihuisha lilikataliwa na NTSA, mamlaka ya usafiri, kwa sababu gari halikuwa kwenye orodha ya sacco, yaani chama chetu cha wenye matatu. Katibu ndiye aliyeliacha nje. Risiti zangu za michango ya kila wiki nilikuwa nazo zote, lakini akaniambia, "Tulia, tunaongea nao." Nikatulia. Gari likakaa uani hadi nyasi zikaota chini ya magurudumu, na benki ikiendelea kukata mkopo wake kila mwisho wa mwezi.

Nilipofika kwa wakili, alitazama tarehe ya ile barua ya kukataliwa kabla ya kusoma maneno yake. Ilikuwa imepita miezi saba.

Wenye magari wenzangu, tafadhalini lijueni hili. Sheria ya Marekebisho ya Sheria, Sura ya 26, kifungu cha 9, inampa miezi sita anayetaka Mahakama Kuu itengue uamuzi wa aina hii, na siku zinahesabiwa tangu uamuzi ulipotolewa. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 haitaji miezi; inasema mtu asichelewe bila sababu ya maana. Lakini inataka kwanza upitie ngazi za rufaa zilizopo, na kwetu sisi ngazi hiyo ni Bodi ya Rufaa za Leseni za Uchukuzi. Ukikimbilia Mahakama Kuu moja kwa moja unaweza kurudishwa kwenye bodi, na siku ulizopoteza hakuna wa kukufidia.

Sisemi muda uondolewe. Nafasi yangu pale steji ilichukuliwa na gari la mtu aliyekopa kama mimi. Kumng'oa baada ya miaka miwili kungekuwa kumdhulumu yeye.

Ila anayewahi naye asicheleweshwe. Leseni huwa ya mwaka mmoja. Kesi ikitajwa Machi, ikaahirishwa Juni, ikatajwa tena Oktoba, hukumu itakuta leseni yenyewe imekwisha na hakuna kilichobaki cha kurudisha. Kifungu cha 159 cha Katiba kinasema haki isicheleweshwe. Rufaa za leseni zipewe tarehe za karibu, zimalizwe mwaka wa leseni ukiwa bado hai.

Sheria hiyo ya 2015, kifungu cha 4, inataka anayeathiriwa na uamuzi ajulishwe haki yake ya kukata rufaa. Naomba taarifa hiyo iwe juu kabisa ya barua, kwa Kiswahili, pamoja na siku ya mwisho. Na viongozi wa sacco, barua ya mwanachama ikifika ofisini kwenu, mpigieni simu siku hiyo hiyo aje aichukue.

Gari langu niliishia kuliuza kwa bei ya vyuma.

Mwanachama wa zamani wa sacco,
Nakuru